Kamera ya Uani

Kamera haikuharibika. Iliharibiwa, na aliyeiharibu alikuwa ameketi kwenye kigoda cha Kavoi akila chipsi.

JUMATANO, SAA NANE MCHANA

Karakana ya Kavoi ilikuwa nyuma ya duka la vifaa vya ujenzi, mtaa wa Kawangware 56, Nairobi. Chumba cha mabati, giza, harufu ya chuma kilichoungua. Siku za kawaida mashine ya kuchomelea ingekuwa inanguruma mpaka jirani anatukana. Sasa ilikuwa kimya. Tangu matokeo ya kura yatangazwe, hakuna mtu aliyeagiza mlango wala dirisha. Mlango mmoja ambao mwenyewe alikimbia bila kuja kuuchukua ulikuwa umelazwa sakafuni, na juu yake Kavoi alikuwa amechora nyumba kwa chaki.

"Lango la mbele," alisema, akigonga kwa kidole. "Sebule. Mashine ya kamera iko hapa, chini ya televisheni. Jikoni. Huku nyuma ni uani, stoo, na lango la nyuma. Kamera ni nne. Tatu hazituhusu. Ya nne inaangalia uani, na imekufa."

"Imekufa aje?" Ambrose aliuliza. Ambrose ndiye dereva. Pikapu yake ilibeba makaa kutoka soko hadi soko, naye mwenyewe alifanana na mzigo wake: mweusi, mzito, vumbi kila mahali.

"Muulize aliyeiua."

Valary alilamba chumvi kwenye kidole gumba. Alikuwa mfanyakazi wa ndani katika nyumba hiyo iliyochorwa, ng'ambo ya kijito, upande wa matajiri. Msichana mwembamba, meno mazuri, na alijua kuwa ni mazuri.

Nasambu alikuwa amesimama ukutani. Hakuna aliyempa kiti, na hilo halikumshangaza. Miaka sita na Kavoi alikuwa amezoea kuketi penye nafasi. Lililomshangaza ni kitu kingine. Valary alipoingia, Kavoi alivua kofia, akainama, akapangusa vumbi la chuma kwenye kigoda, akasema, "Keti hapa, usichafuke." Halafu akaikung'uta kofia, akaivaa tena.

Kofia ya sufu, ya kijivu. Nasambu ndiye aliyeifuma.

Aliifuma mwishoni mwa Desemba, kwake Soweto West, siku zile vijana wenye mapanga walipopita mlango kwa mlango ndani ya Kibera wakiuliza watu walikotoka. Kavoi alikuwa kwake, na watu wa kwao Kavoi hawakutakiwa mtaa ule wiki ile. Alilala chini ya kitanda cha Nasambu kama sanduku. Nasambu alifumua sweta aliyoinunua soko la Toi kabla halijawa majivu, akaanza kufuma, kwa sababu alitaka mikono yake iwe na kazi. Vijana walipogonga, alifungua na sindano zake mkononi. Akawaambia mwanamume aliye ndani ni mume wake, mtu wa Kimilili, ana homa ya matumbo, na anayetaka kumwona aingie akaribie matapishi. Aliyasema yote kwa Kibukusu, lugha ya kwao, kwa sauti ya mke aliyechoka. Wakaondoka.

Mume wangu. Neno lilipomtoka lilikuwa uongo. Vijana walipofika mwisho wa uchochoro, yeye mwenyewe alikuwa ameanza kuliamini.

"Ulilegeza ama ulikata?" Nasambu alimwuliza Valary.

"Nililegeza, vile ulisema. Ile kichwa ya waya nyuma ya mashine, ya nne. Nikazungusha, nikavuta kidogo tu, picha ikaenda. Manze, Madam alipiga nduru utadhani ameona nyoka!"

"Ukikata, fundi yeyote anajua ni mkono wa mtu. Ikilegea, wanalaumu panya."

"Si nimesema nililegeza, dadangu?"

"Mimi si dada yako."

"Aa, wacheni hiyo," Ambrose akasema. "Shemeji, pitisha chipsi huku."

Valary alinyoosha mkono na karatasi ya chipsi. Nasambu alikuwa tayari ameinua uso, kwa sababu tangu wajuane na Ambrose, shemeji alikuwa yeye. Hakukuwa na mwingine. Dereva akakohoa. Akautazama mlango sakafuni kana kwamba umeota kitu kipya.

Kavoi aliendelea haraka. Madam Rahab anauza simu mjini. Maduka jirani yalipovunjwa, alilifunga lake, akahamishia mali yote nyumbani. Simu mpya, katoni juu ya katoni, ziko stoo. Askari wake wa lango alienda kwao kupiga kura, hajarudi. Nyumba ina wanawake wawili, na mmoja ni wetu.

"Kesho maandamano," alisema. "Karao wote watakuwa barabarani wakirusha gesi. Nani atashughulika na pikapu ya makaa?"

"Na chuma?" Ambrose aliuliza, akifanya vidole viwili kuwa mtutu.

"Hakuna chuma. Fundi wetu ndiye chuma." Kavoi akamwelekezea Nasambu kidevu. "Anaingia kwa lango la mbele, amekuja kutengeneza kamera. Anazima mashine yote, anamshika Madam na maneno. Sisi tuko nyuma tunapakia. Hakuna picha, hakuna kelele, hakuna mtu ameumia."

"Kwani Madam hana fundi wake?"

"Mwanzia yuko Machakos, simu haishiki." Nasambu alijibu mwenyewe. Kamera zile alizifunga yeye na Mwanzia. Yeye alitambaa darini na waya mdomoni. Mwanzia alisimama chini akipokea chai.

"Anakukumbuka," Valary alisema. "'Yule msichana Nasambu, mpole.' Nikamwambia niko na namba yako. Amefurahi!"

Wote waliliona kwa pamoja, na hakuna aliyetaka kulisema: katika kazi hii, uso mmoja tu utakaobaki ndani ya nyumba ile, pamoja na jina lake, ni wa Nasambu.

Kavoi alimshika kiwiko, akamtoa nje penye mwanga.

"Najua unafikiria nini," alisema. "Sikia. Ukimaliza, unatoka kama fundi wa kawaida. Tunakungoja Gatina, kwa lile kanisa la mabati. Jioni tuko njiani kwenda kwetu Kitui, mimi na wewe. Valary anabaki na Madam, analia naye, mpaka mambo yapoe. Vita vikiisha tunarudi hapa 56, nakufungulia duka lako la umeme. Jina lako kwa kibao. Nitakichomelea mwenyewe."

"Valary anabaki?"

"Si nimesema anabaki?"

"Na nitajuaje mmemaliza? Kadi za simu hakuna hata za kuuzwa kwa magendo."

"Tupe nusu saa. Washa mashine, beba mkoba, toka."

Nasambu aliitikia kwa kichwa. Lakini jioni, alipopakia bisibisi na koleo, alipakia pia kitu ambacho hakumwambia mtu: televisheni yake ndogo ya Great Wall, nyeusi na nyeupe, na betri ya pikipiki ya kuiwashia. Mafundi huitumia kupima kamera. Unachomeka waya wa kamera moja kwa moja, unaona inachoona.

Aliiambia nafsi yake ni ya kazi. Nafsi yake haikuwa mjinga. Nasambu alitaka kuwaona wale wawili wakiwa peke yao uani.

ALHAMISI, SAA TATU ASUBUHI

Barabara ya Ngong ilinuka mpira ulioungua. Helikopta ilizunguka juu ya Kibera kama nzi aliyenyimwa mlango. Penye kizuizi, polisi mmoja alitia rungu kwenye mkoba wa Nasambu.

"TV. Kila mtu leo ana TV. Umeiba wapi?"

"Mimi ni fundi, afande. Ningeiba, ningeiba ya rangi."

Polisi aliitazama ile Great Wall, kioo chake kimekwaruzwa, kizibo cha soda kimegeuzwa kuwa kitufe cha sauti. Akacheka bila kupenda. "Pita. Fundi gani anaenda kazi siku kama hii?"

Alipita. Nyuma yake mabomu ya gesi yalianza kupasuka upande wa Kibera. Hakugeuka.

SAA NNE NA NUSU

Madam Rahab alifungua lango la mbele mwenyewe, akalifunga, akafungua mlango wa vyuma, akaufunga, akafungua wa mbao. Mwanamke mnene wa miaka hamsini hivi, viatu vya manyoya, na kitufe chekundu cha kupigia king'ora kimening'inia shingoni kwa kamba kama msalaba.

"Nasambu! Umetoka Kibera leo? Mungu wangu. Umekula?"

"Nimekula, Madam."

"Uongo. Valary! Leta chai na mkate."

Valary alileta. Aliweka trei, akainamisha macho kama mfanyakazi mwema, akarudi jikoni. Alikuwa amejipaka mafuta ya midomo. Kwa kupakia makaa?

Televisheni ya sebuleni ilikuwa imegawanywa vyumba vinne. Lango la mbele, ukumbi, ubavu wa nyumba. Cha nne kilikuwa cheusi tii.

"Siku mbili sijalala," Madam alisema. "Naangalia hiyo nyeusi tu. Zile tatu siziangalii hata. Naogopa hiyo nyeusi."

"Tutaona shida iko wapi."

Nasambu alipiga magoti. Alijua shida iko wapi, aliiagiza yeye. Lakini mikono yake haikujua kuigiza kazi bila kuifanya, kwa hiyo aliifanya. Kwanza aligusa adapta ya kamera: ina joto, umeme upo. Kisha akachomoa waya wa kamera ya kwanza, akauweka kwenye tundu la nne. Picha ya lango ikatokea mahali palipokuwa peusi.

"Imerudi!" Madam alipiga makofi.

"Bado. Hiyo ni ya lango. Inatuambia mashine ni nzima. Sasa shida ni waya ama kamera yenyewe."

"Wewe unaongea kama daktari."

"Inabidi nizime yote kidogo, Madam. Mashine ipoe. Nusu saa."

Madam alishika kitufe chake. "Zote nne?"

"Zote nne. Niko hapa na wewe."

Ilikuwa rahisi hivyo. Madam alimwangalia, akapumua, akaachia kitufe. Nasambu alizima. Vyumba vyote vinne vikafumba.

SAA TANO KASORO ROBO

Aliketi sakafuni nyuma ya kabati, mgongo ukutani, Great Wall mapajani, kioo kikimtazama yeye peke yake. Alichukua ule waya wa nne, akauchomeka. Kamera ya uani ilikuwa na umeme wake. Haikuwa imepofuka hata siku moja. Ilikuwa imekatwa ulimi tu. Sasa ilipata mtu wa kumwambia.

"Hiyo ni nini?" Madam aliuliza kutoka kwenye kochi.

"Ya kupimia waya."

Theluji ya umeme kwenye kioo ilitulia. Uani. Kamba ya nguo, pipa la maji, mlango wa stoo. Lango la nyuma lilifunguka taratibu na pikapu ikaingia kinyumenyume, magunia ya makaa yamepangwa pembeni ili katikati pawe na shimo. Ambrose alishuka. Kavoi alishuka. Kofia kichwani.

Nasambu alihisi shingo yake ikilegea. Yuko. Anafanya alichosema.

"Una bwana, Nasambu?" Madam aliuliza, akimimina chai.

"Niko naye."

"Anakutunza?"

"Ananijengea duka."

"Ai, huyo mshike."

Katoni zilitoka. Kavoi akimpa Ambrose, Ambrose akizamisha katikati ya makaa, gunia juu. Walifanya kazi vizuri, bila kukimbia. Valary alisimama mlangoni pa stoo na funguo. Kila Kavoi alipopita na katoni, Nasambu aliukazia macho mwanya kati yao. Hakumgusa. Hakusimama. Mara ya kwanza hakusimama. Mara ya pili hakusimama. Nasambu karibu aone haya. Ameletwa hapa na wivu, kubeba betri kutoka Kibera, kuja kutazama mwanamume wake akifanya kazi.

Halafu Valary akaingia ndani, akatoka na sanduku.

Sanduku la nguo. Limefungwa kwa kamba. Na alikuwa amevaa viatu vya kutembea.

Kavoi alilipokea bila kuuliza chochote. Hakushtuka. Alilitia nyuma, akaweka gunia mbele yake kwa upole, kama mtu aliyekwisha kujua ukubwa wake na akaliachia nafasi. Ambrose hakugeuka hata kutazama. Kisha Kavoi akafungua mlango wa abiria. Pikapu ile ilikuwa na kiti kimoja kirefu cha watu watatu: dereva, na wawili.

Akavua kofia. Akainama. Akapangusa kiti.

Alipangusa vizuri, mpaka kwenye kona. Akaikung'uta ile sufu ya kijivu pajani, na Valary akapanda, akakaa katikati, na kwenye kioo kile kidogo chenye mikwaruzo meno yake yalionekana kabisa.

Kiti cha watu watatu. Nasambu hakuhitaji kalamu kupiga hesabu.

Hakuna mtu angekuwa Gatina, kwa kanisa la mabati. Jioni Madam angewaambia polisi jina moja, analolijua, la msichana mpole. Na Kitui, mama yake Kavoi angemkaribisha mkwe mwenye meno mazuri.

"Nasambu? Mbona umenyamaza hivyo?"

"Nimeona shida, Madam."

Alichomoa waya kutoka kwenye Great Wall. Akaupeleka kwenye tundu la nne nyuma ya mashine. Akasukuma, akazungusha robo, ukaitika: tik. Akauvuta kujaribu. Haukutoka. Akabonyeza kuwasha.

Mashine zile huamka polepole. Kwanza taa moja ya kijani. Kisha feni. Kisha maandishi meupe juu ya kioo cheusi, yakihesabu vitu vyake vyenyewe. Nasambu alikuwa na muda wote huo. Mkono wake ulikuwa kando ya plagi. Angeivuta, na pikapu ingeondoka, na yeye angeondoka, na pengine, pengine, angemkuta Kavoi Gatina akicheka: ulifikiria nini, wewe?

Alifikiria kiti kile. Miaka sita aliketi penye nafasi. Hata siku moja mwanamume yule hakumpangusia mahali.

Akautoa mkono kwenye plagi, akauweka mapajani.

SAA TANO NA DAKIKA CHACHE

"Kamera yako imepona," alisema. "Njoo uone."

Picha nne zilifunguka, za rangi, kubwa, zinang'aa. Katika chumba cha nne Ambrose alikuwa anapandisha ubao wa nyuma wa pikapu, na kati ya magunia kona ya sanduku la Valary ilichungulia. Kavoi alikuwa ameshika lango. Kwa sababu gani hakuna ajuaye, aliinua uso akaitazama kamera, kama mtu anavyotazama maiti anayodhani imepepesa jicho. Sebuleni, taa nyekundu ndogo ya mashine ilikuwa imewaka. Nasambu alijua inawaka lini: mashine inaporekodi.

Madam hakupiga nduru. Alisogea mpaka pua ikakaribia kioo.

"Huyo si Valary?" alisema kwa sauti ndogo. "Kwani anaenda wapi na sanduku nililomnunulia?"

Kisha akabonyeza kitufe.

King'ora cha juu ya paa kilipasua mtaa. Katika chumba cha nne watu walianza kukimbia bila sauti. Ambrose aliruka kwenye usukani. Pikapu ikatoka, ikagonga nguzo ya lango, gunia likapasuka, makaa yakamwagika, na katoni moja nyeupe ikabaki juu yake kama jino. Kavoi alining'inia mlangoni. Gari likapotea kwenye ukingo wa picha.

Nasambu alichukua mkoba. Madam alikuwa amemtangulia. Alikuwa ameshafunga mlango wa mbao na ule wa vyuma, na funguo zilikuwa kifuani mwake.

"Usitoke, binti yangu! Watakuua! Kaa hapa na mimi."

Akamkumbatia. Alinuka chai na mafuta ya nazi. Nasambu alisimama ndani ya mikono ile kama mti, na hakujua aweke wapi mikono yake mwenyewe.

Risasi zililia karibu, tatu, halafu moja peke yake. Kavoi alikuwa amekisia vizuri kwamba polisi wote watakuwa barabarani. Hakukisia barabara ipi. Lori la kuzuia waandamanaji wa Kawangware wasivuke kwenda mjini lilikuwa limeegeshwa mwisho wa kichochoro kile kile.

ADHUHURI

Waliletwa uani, penye makaa yaliyomwagika. Ambrose hakuwepo, aliacha pikapu kwenye mtaro akaruka ukuta, na mtu mzito kama yule hakuna aliyeamini kwamba angeweza. Valary alikuwa amepiga magoti, analia kwa kwikwi. Kavoi alikuwa amelala ubavu. Paja lake lilikuwa linavuja, na alilikaza kwa kofia. Sufu ya kijivu ilikuwa imekuwa nyeusi.

"Ni hawa tu?" mkubwa wa polisi aliuliza.

Valary akainua kidole. "Na huyo! Huyo fundi ni wetu! Ndiye alisema nilegeze!"

Madam Rahab aligeuka polepole. Mkono wake ulikuwa bado begani mwa Nasambu.

"Ni kweli?"

Angeweza kukana. Alikuwa na mkoba wa fundi, kamera iliyopona, na mama mwenye nyumba wa kumtetea. Lakini Kavoi alikuwa anamtazama, na Nasambu alitaka alijue jambo hili kutoka mdomoni mwake.

"Ni kweli, Madam."

"Na mbona ukaitengeneza?"

Nasambu alikitazama kile kiti cha pikapu akilini mwake, safi mpaka kwenye kona.

"Ilikuwa imelegea tu," alisema. "Nikaikaza."

Mkono ukatoka begani.

SAA NANE MCHANA

Nyuma ya lori palikuwa na joto la bati, na vijana wa maandamano waliobanwa kama magunia, macho mekundu kwa gesi. Walimpisha Kavoi alale kwa sababu ya mguu. Nasambu alisukumwa kando yake, na mkoba wake ambao hakuna aliyekumbuka kumnyang'anya. Valary alikuwa mbele, karibu na polisi, bado analia, na hakuna aliyemwangalia meno.

Lori lilipoanza kwenda, Kavoi alisema, "Ulituona aje?"

"Nilibeba Great Wall."

Alifumba macho. "Manze, Nasambu. Hukuniambia."

"Na wewe hukuniambia."

"Ningerudi kukuchukua. Gatina. Tungemshusha huyo Valary mahali, halafu nirudi."

"Tulikubaliana anabaki. Nani alimwambia afunge sanduku?"

Kavoi alijisogeza, akakaza mkono kwenye paja.

"Kile kiti," alisema, "kilikuwa na makaa. Angechafuka, watu wangemshuku barabarani. Ni hiyo tu. Umenitia jela kwa sababu ya vumbi?"

"Ndiyo."

"Na wewe pia unaenda!"

"Ndiyo."

Kijana mmoja wa maandamano, aliyekuwa akisikiliza bila aibu, alipiga mluzi mdogo. "Buda, ulioa moto."

"Hatujaoana," Nasambu alimwambia. "Niliwahi kusema tumeoana. Nilisema mlangoni kwangu, mbele ya mapanga."

Kavoi aligeuza uso. Alikuwa amekuwa wa rangi ya majivu, na jasho lilimtiririka kutoka kichwa kilicho wazi. Kwa mara ya kwanza Nasambu aliona jinsi nywele zake zilivyoanza kupungua utosini. Alimpenda pale pale, sakafuni mwa lori, kwa hasira iliyomuuma meno, na hilo halikubadilisha kitu.

"Nakufa hapa, labda," Kavoi alisema. "Mguu siusikii. Sema tu pole. Neno moja, Nasambu. Niombe msamaha, na mimi nitakuomba."

Nasambu alivua leso yake, akaitoa ile kofia iliyolowa kwenye kidonda, akamfunga paja, akakaza fundo kama anavyokaza waya, akalivuta kujaribu. Halikulegea. Kofia akaitia kwenye mkoba wake, pamoja na bisibisi.

"Siombi msamaha," alisema. "Siombi leo, na ukinipata kortini sitaomba."